Marehemu Alipobisha Hodi

Kawira alikuwa ndiyo kwanza amesema kwamba mama yake ni marehemu, mama yake alipobisha hodi.

Hapo ndipo tulipomwacha Jumapili iliyopita, msomaji wangu. Amesimama na sinia la chapati mkononi, katika chumba chake cha kupanga pale Hai Malakal, mjini Juba, na wageni wawili wameketi mbele yake. Mmoja ni Lado, mwanamume anayetaka kumwoa. Wa pili ni Mama Teresina, mzazi wa Lado, aliyetoka kanisani akaja moja kwa moja kumtazama msichana huyu Mkenya kabla wajomba hawajaitwa kupanga mahari.

"Hodi hapa! Kawira yuko?"

Sauti hiyo Kawira hakuwa ameisikia kwa miaka miwili. Angeitambua hata katikati ya makelele ya soko la Konyo Konyo.

"Kuna mutu," Mama Teresina alisema. "Mwambie aingie. Chakula iko."

Lado aliinuka akafunua pazia la mlango. Akaingia mwanamke mfupi, mnene kidogo, mkoba begani, vumbi la barabara ya kutoka mpakani Nimule limemjaa hadi kwenye nyusi.

"Karibu, mama," Lado alimwambia. "Wewe ni nani?"

"Mimi ni mama yake Kawira."

Lado akaliachia pazia.

Mama Teresina aliteremsha kikombe chake cha chai polepole. "Mama yake?" aliuliza. "Huyu mutoto amesema sasa hivi mama yake alikufa."

Jerioth, maana hilo ndilo jina la mama huyo, alimgeukia binti yake. Kawira alijua mama yake ni mwepesi wa hasira. Alingoja kofi. Alingoja nduru ambayo ingewatoa majirani wote nje.

Jerioth akaweka mkoba wake chini.

"Ni kweli," alisema. "Alikufa. Mimi ni mama yake mdogo, dada ya marehemu. Kwetu Meru mama mdogo pia huitwa mama."

Kawira aliliweka sinia chini.

"Malesh," alisema Mama Teresina, na uso wake ukalainika. "Pole sana, dada. Mimi sikujua. Keti hapa. Kawira, leta maji, mama anawe."

Kawira alileta maji. Alimmiminia mama yake mikononi. Hawakutazamana.

"Marehemu alikufa na nini?" Mama Teresina aliuliza.

"Moyo."

"Moyo ilisimama?"

"Ulikuwa mgumu," alisema Jerioth. "Alikuwa mtu mkali, marehemu. Neno lilimtoka kabla hajalifikiria. Huyu mtoto alimpenda kuliko wote, na siku aliyotakiwa kumwambia hivyo, alimwambia kitu kingine."

Kawira aliinamia kikombe chake. Kitu hicho kingine alikijua.

Miaka miwili iliyopita, watu wa Dancan, mfanyabiashara wa miraa, walifika kwao na mbuzi na sukari, na wazazi wake wakawapokea bila kumwuliza. Dancan hakuwa mtu mbaya. Alitaka tu mke wa kukaa nyumbani. Kawira alikuwa amepata kazi Juba, kwenye chumba cha redio cha kampuni ndogo ya ndege za kukodi. Alipanda basi akaenda. Mama yake akampigia simu: kuanzia leo hesabu huna mama.

Naye akahesabu hivyo. Ndiyo maana neno "marehemu" lilimtoka kirahisi Mama Teresina alipomwuliza. Kwake halikuwa uongo mtupu.

Tangu hapo ameishi na sauti. Asubuhi hadi jioni anaongea na marubani walioko angani, anawauliza wako wapi, wamebakisha mafuta kiasi gani, watatua lini. Kila rubani anaijua sauti ya Kawira. Wengi wao wakikutana naye dukani Hai Cinema wanampita kama ukuta. Jioni anarudi chumbani, anakaanga yai, anakula amesimama. Hadi siku Lado alipomwuzia mabati ya kuziba paa linalovuja, akarudi kesho yake kuuliza kama bado linavuja.

"Basi, kama mama hayuko," Mama Teresina alisema, akimega chapati, "mimi nitakuwa mama yake. Mimi iko na nyumba kubwa huko nyuma ya Konyo Konyo. Atakaa na mimi. Atanisaidia kuuza samaki kavu. Hiyo kazi ya redio, khalas, inakwisha."

"Inakwisha?" Kawira aliuliza.

"Bibi ya mutu hapana kushinda mchana yote anaongea na wanaume juu ya redio. Watu wanasema nini?"

Kawira akacheka kidogo, akimgeukia Lado ili naye acheke. Lado alikuwa anaangalia chapati yake.

"Lado?"

"Tutaongea pole pole," alisema Lado.

"Tutaongea nini? Ijumaa nimekueleza bosi wangu Wafula anataka kunipa chumba chote cha redio nikisimamie. Ukanikumbatia. Ukasema unafurahi."

"Mimi nilifurahi, kweli."

"Lado alinipa neno yake," Mama Teresina aliingilia, bila ubaya. "Kabla mimi nakubali kuja hapa. Alisema, mama, nikimwoa ataacha. Wewe hukumwambia, Lado?"

Lado alijikuna shingo.

Msomaji, upweke wa kuketi peke yako Kawira aliuzoea. Huu wa leo ulikuwa mpya. Chumba kimejaa, sahani zimejaa, na hakuna hata mmoja aliyemwuliza yeye.

La, samahani. Alikuwepo mmoja.

"Marehemu asingekubali," Jerioth alisema.

Wote wakamgeukia.

"Nasema dada yangu asingekubali mtoto wake aache kazi. Amesoma. Ameipigania kazi hiyo. Wapo watu hawangefika nyumbani bila sauti ya huyu msichana. Marehemu alichelewa kulijua hilo, lakini alilijua."

Kawira hakuwahi kusikia mama yake akisema maneno kama hayo, na sasa ayasikie kwa jina la maiti!

Mama Teresina alifuta vidole. "Dada, mimi nakuheshimu. Wewe umetoka mbali. Lakini wewe ni mama mdogo tu. Na marehemu iko kwa udongo. Marehemu hapana neno."

Jerioth alikuwa amejizika mwenyewe, na sasa hakuwa na pa kutokea.

"Kwa hiyo tumesikilizana," Mama Teresina alisema. "Mwezi ujao wajomba wanakuja."

"Hajafa," Kawira alisema.

"Nani?"

"Huyu ni mama yangu. Mama aliyenizaa. Nimewadanganya."

"Kawira, nyamaza!" Jerioth alimshika mkono.

"Sinyamazi, Mama. Wewe uko hai na una neno. Liseme."

Mama Teresina hakupiga kelele. Kawira angependa apige. Alisimama, akafunga vizuri leso yake kiunoni, akamtazama Jerioth kwanza, kisha Kawira.

"Mimi nilizika mama yangu huko kambi ya wakimbizi, Uganda," alisema. "Na hii mikono. Mvua inanyesha, mbao mafi, hakuna hata ubao moja ya sanduku. Nilimfunga na blanketi. Mpaka leo nikiona blanketi ya rangi ile nalia. Na wewe unazika yako iko hai, kwa sababu ya nini? Kwa sababu ya mimi ninywe chai?"

Akamgeukia mwanawe.

"Twende, Lado."

Lado alibaki nyuma kidogo, pazia mkononi. Kawira akamfuata.

"Lado, nisikilize. Na wewe ulinidanganya."

"Ndiyo. Mimi nilikudanganya kuhusu kazi." Alisema kwa sauti ya chini. "Mimi nilifikiri ukizoea utakubali. Lakini wewe umezika mama yako mbele ya mama yangu, Kawira. Mimi utanizika lini?"

Pazia likaanguka. Nje, Mama Teresina alisikika akiwaaga majirani kwa adabu, mmoja mmoja, kama mtu aliyetoka kwenye karamu njema.

Kawira alianza kukusanya vikombe. Alivikusanya vyote, akavipeleka kwenye beseni, akasimama hapo amempa mama yake mgongo.

"Kwa nini umesema?" Jerioth aliuliza. "Mimi nilikuwa nimekubali kufa."

"Nani alikuomba ufe?"

"Si wewe ulianza?"

Kawira akageuka. "Wewe ndiye ulianza! Uliniambia nihesabu sina mama. Krismasi mbili nimekaa humu ndani na simu mapajani, Mama. Nikaugua malaria, nikaandikisha hospitali jina la mlinzi wa ofisini kama ndugu yangu wa karibu. Mlinzi!"

Jerioth aliketi kitandani, miguu haigusi sakafu vizuri, akaonekana mdogo kuliko Kawira alivyomkumbuka.

"Siku ile nilipokupigia," alisema, "baba yako alikuwa amesimama nyuma yangu. Aliniambia maneno ya kusema, nami nikayasema."

"Na siku zilizofuata?"

"Siku zilizofuata niliona aibu."

Kawira alikaa kando yake, si karibu sana. Mama akapapasa kitanda hadi akapata mkono wa binti yake, na Kawira hakuuondoa.

"Umekuja kunichukua?" Kawira aliuliza.

"La. Nimekuja kukuletea Nkatha."

Nkatha ni mdogo wake Kawira. Ana miaka kumi na tisa, amemaliza kidato cha nne na kupata nafasi ya kusomea uuguzi. Ndiye pekee wa nyumbani aliyekuwa akizungumza na Kawira kwenye simu, kwa siri.

"Nkatha? Yuko wapi?"

"Wamempa Dancan," Jerioth alisema. "Mbuzi walikuwa wameshaliwa, na wewe umeenda. Baba yako akasema binti ni binti. Nikasema Nkatha asome kwanza. Hakuna aliyenisikiliza. Basi nimemchukua alfajiri ya juzi tukapanda basi. Nimemwacha Hai Cinema, hotelini kwa mama mmoja anaitwa Adau, na mizigo. Nilitaka nije kwako peke yangu kwanza. Sikutaka anione nikifukuzwa."

Kawira alikuwa ameshavaa viatu.

Kupanda boda hadi Hai Cinema si safari. Jua la alasiri lilikuwa kali, na Jerioth alimkumbatia binti yake kiunoni kutoka nyuma, kwa nguvu, kama mtu anayeogopa pikipiki. Kwa mara ya kwanza tangu asubuhi Kawira aliruhusu moyo wake kupanga mambo. Nkatha atalala kitandani, mama pia. Yeye atalala chini. Watatafuta chuo cha uuguzi hata Kampala. Jioni hatakula amesimama.

Hoteli ya Adau ilikuwa meza nne chini ya turubai. Mifuko ya Jerioth ilikuwa pale, imepangwa vizuri kando ya jiko. Nkatha hakuwepo.

"Msichana wangu yuko wapi?" Jerioth aliuliza.

Adau, mwanamke mrefu mwenye bangili za shanga, aliacha kukoroga sufuria ya maharagwe. "Bit yako? Imekwenda."

"Imekwenda wapi?"

"Na mwanaume. Mukenya kama nyinyi. Iko na gari nyeupe."

"Dancan!" Jerioth alishika meza. "Wamemshika mwanangu! Wamemburuta, na wewe ukatazama tu?"

"Kuburuta?" Adau alishangaa. "Hapana, mama. Yeye ndiye alipiga simu. Alikaa hapa anangoja, anajitazama kwa kioo ya simu. Gari ikifika alikimbia. Alikuwa anacheka."

Jerioth alimtazama Kawira kana kwamba Adau ameongea lugha isiyojulikana.

Kawira alitoa simu akapiga namba ya mdogo wake. Iliita mara chache.

"Siz," Nkatha alisema. Sauti yake ilikuwa na furaha na hofu pamoja. "Usinikasirikie."

"Nkatha, uko salama? Sema tu ndiyo au hapana."

"Niko salama. Hakuna mtu amenishika. Tangu Kampala nimekuwa nikimwambia Dancan tulipo."

"Lakini mama amekutorosha usiolewe!"

"Na nani alimwambia sitaki?" Nkatha akaanza kulia. "Wewe ulikataa, wakanipa mimi. Mama akakataa kwa niaba yangu. Hata mmoja hakuniuliza. Dancan alikuja kuniuliza, Kawira, alikuja hadi shuleni siku ya kufunga. Amesema nitasoma uuguzi nikiwa kwake. Ninampenda. Ningemwambia mama saa ngapi? Aliniamsha gizani akaniambia vaa."

Kawira alifunga macho. Nusu saa iliyopita alikuwa ameshampangia mdogo wake kitanda, chuo na mji wa kusomea. Yeye pia hakumwuliza.

"Sawa," alisema. "Sawa, Nkatha. Rudi tu tuongee. Mama yuko hapa, amechoka."

"Tunarudi. Tuko njiani." Kisha msichana akashusha sauti, haraka haraka. "Siz, sikia. Dancan hakuja peke yake. Sikujua, naapa. Yuko na..."

Simu ilichukuliwa.

"Kawira."

Baba yake.

Hakusema habari, hakuuliza hali. "Mama yako yuko hapo?"

"Yuko, Baba."

"Mwambie akae hapo hapo kwa huyo mama wa maharagwe. Asiende popote. Tunafika sasa hivi."

Simu ikakatika. Kawira aliishusha sikioni. Hakuhitaji kurudia ujumbe, maana rangi ilikuwa imemtoka mama yake usoni.

"Amekuja?" Jerioth alinong'ona.

"Yuko na Dancan. Mama, labda ni vizuri. Labda tukikaa sote tukaongea..."

Jerioth aliinua mikono akafungua kitambaa cha kichwani. Alikifungua taratibu, kwa maumivu, kwa sababu upande mmoja kilikuwa kimegandamana. Juu ya sikio nywele zilikuwa zimenyolewa. Palikuwa na mshono mrefu, mweusi, umevimba, na nyuzi bado zimo.

Adau alisema neno la Kidinka na kugeuza uso.

"Kwa sababu nilisema Nkatha asome kwanza," Jerioth alisema. "Alitumia kiti. Kawira, Nkatha akitaka kuolewa na aolewe, nitamwomba radhi. Lakini nilipomwambia vaa twende, nilikuwa najiambia na mimi. Nyumba ile mimi sirudi."

Kawira alikichukua kitambaa, akamfunga mama yake upya, kwa vidole vyepesi. Alijua kwamba baba yake anajua chumba cha Hai Malakal kilipo, maana Nkatha anakijua. Ofisi ya redio imefungwa Jumapili. Polisi wangemwuliza baba, naye angesema huyu ni mke wangu, nao wangempisha.

"Boda!" Kawira aliita. Pikipiki ikaja ikisukuma vumbi mbele yake. Alimpandisha mama yake, naye akapanda nyuma.

"Wapi?" dereva aliuliza.

Kawira aliangalia barabara, huku na huku. Miaka miwili katika mji huu, na sauti yake imewafikisha watu wengi majumbani kwao. Alipitisha akilini kila mtu anayemjua Juba. Hakuna mlango hata mmoja aliowahi kubisha.

Mwisho wa barabara, karibu na duka la simu, gari jeupe lilikunja kona.

"Dada, wapi?"

"Konyo Konyo," Kawira alisema. "Nyuma ya soko, kwa Mama Teresina, muuza samaki kavu."

Jerioth aligeuza kichwa. "Yule mama wa leo? Mwanangu, atatufungulia?"

Pikipiki iliruka mbele, na Kawira akamkumbatia mama yake kwa mikono yote miwili, akilikumbuka lile blanketi la kambini.